Saa Isiyo na Kivuli

Kitangari, mwezi wa kumi.
Salfa bado imeganda kwenye kope za wapulizaji
na mabibo yananuka chini kama pombe iliyosahauliwa.
Shangazi Somoe anaanika korosho mkekani:
siku mbili juani, ya tatu nusu kwa nusu,
kisha ndani, zikapumue.
"Jua peke yake hupasua," ananiambia,
"kivuli peke yake huotesha ukungu.
Korosho ya daraja la kwanza ina mama wawili."

Hiyo ndiyo elimu yao. Wanaiita Kusogeza.
Haina kitabu, haina jengo.
Ina wanawake kumi na mmoja
na fundi cherehani mmoja, Likwata, aliyejiunga
kwa sababu nguo, asema, haipati upande wa nje
mpaka mshono ukubali kubaki ndani.
Wana ubeti mmoja tu, wanaughani wakibangua:

*Mwanga nao una deni, hulipwa kwa giza lake,
kivuli kina mizani, kila mtu ana chake,
ukikiacha njiani, huokotwa na mwenzake,
kitunze chako nyayoni, hadi jua lende zake.*

Mimi nilicheka.
Mimi ni karani wa mizani.
Ghalani kwetu hatupimi giza,
tunapima gunia, tunaandika, tunagonga muhuri.
Na msimu ule, saa nne asubuhi,
mbele ya watu wote, bati likimetameta,
nilikata kilo mbili kwenye kila gunia la Nambunga.
"Unyevu," nikasema, kwa sauti ya ofisi.
Akaitikia.
Nani abishane na mwanga mkali namna ile?
Magunia saba. Kilo kumi na nne
zikahamia kwenye jina la shemeji yangu.
Sikujificha popote. Ndiyo maana hakuna aliyeniona.

Sasa, huku kwetu, kuna siku mwezi huohuo
jua husimama utosini kama mtu aliyesahau alichokuja kuchukua.
Saa sita na dakika chache, mlingoti wa shule
hauna kitu chini yake. Kuku hana. Ndoo haina.
Wana wa Kusogeza hutoka uani, husimama kimya.
Saa hiyo hakuna kudai, hakuna kuhukumu,
hakuna kumtaja mtu kwa jina:
asiye na kivuli, wasema, hana shahidi wa upande wa pili.

Shangazi hakuniambia chochote kuhusu kilo.
Alinishika kiwiko tu, akanisimamisha kati yao,
kati ya Likwata na ungo.
Nikatazama chini.
Hakikuwepo. Si mbele, si nyuma.
Nikainua mguu mmoja, na pale,
kipande cheusi, saizi ya kandambili,
kilikuwa kimelala chini ya unyayo
kama kitu nilichokuwa nakikanyaga mwaka mzima.

Usiku nikabeba kiroba begani.
Kilo kumi na nne, nimezipima mara tatu kwa tochi,
mshale ukitetemeka kuliko mkono wangu.
Nikazimwaga taratibu penye lundo la Nambunga,
korosho juu ya korosho, mlio kama mvua ya mashaka.
Mbwa wake alinijua. Hakubweka.
Nilichoiba mchana peupe
nimekirudisha gizani;
nikadhani hesabu imefungwa.

Asubuhi nikamweleza shangazi. Hakunisifu.
Alikuwa amepiga magoti, anachambua mbovu.
"Giza limelipa lake," akasema.
"Na yule mtu, mbele za watu, bado ni mleta korosho mbichi."

Sikujibu. Nilikuwa na kazi saa mbili,
mstari wa wakulima umeshafika barabarani,
Nambunga wa nne, kofia mkononi.

Kivuli cha nyumba kilikuwa kimeanza kurudi nyuma,
kimeacha robo ya mkeka wazi.
"Unasubiri nini?" akauliza Somoe.
"Shika pembe hiyo.
Sogeza."